Kuchomoza, Neno la Kwetu Ntoto

Ngungu, tarehe 16 mwezi wa pili, 1969

Kaka yangu Séraphin,

Pokea salamu za kilima hiki chenye baridi. Sisi wazima. Marcellin wangu mzima, mama yake Élisabeth mzima, isipokuwa goti linalomsumbua akipanda toka mtoni. Dada yake Françoise naye mzima na mdomo wake mzima. Wiki hii wanapanda maharagi, na mimi nawatazama kwa mwanya wa uzio kama kuku aliyefungiwa.

Hujambo wewe? Darasa lako hawajambo? Na mkeo, Mama Adelaïde wangu, kile kikohozi kimemwacha?

Kaka, niache nicheke peke yangu juu ya karatasi. Nimeolewa! Naamka asubuhi nasema, Victorine, umeolewa, na wa kukuoa ndiye yule yule uliyemtaka, si mwingine. Masista walitufundisha kwamba furaha kubwa ni ya mbinguni. Nawaheshimu, lakini nadhani hawajamwona Marcellin akitoka shambani jembe begani, akiita jina langu tangu kule mgombani ili nijue anakuja.

Ulikuwepo siku ya harusi, ukawasikia wazee wakieleza desturi ya hapa kwao. Bibi harusi anakaa ndani ya uzio. Haendi shambani, haendi mtoni, haendi sokoni, mpaka mwanamke aliyemlea aje toka kwao, amshike mkono, amtoe mlangoni mbele ya watu wote. Huyo mwanamke hahudhurii harusi. Lazima nyumba aione mara ya kwanza siku hiyo ya kumtoa mtoto wake. Kwa hiyo Mama Adelaïde alibaki Ntoto na wewe ukaja peke yako na lile koti lako la Pasaka. Mimi sijali kungoja. Huku ndani naishi kama yai. Na kwa bibi harusi haingizwi kilio, wala ugomvi, wala habari mbaya. Watu wote wanaingia wakitabasamu. Hata kuku akifa wananiambia amesafiri.

Na Marcellin, kwa kuwa siwezi kwenda nje, kila jioni ananiletea kitu cha nje. Jana jani la muhogo lenye umande. Juzi jiwe la mtoni lenye mistari. Siku nyingine alileta konokono, tukamwangalia akitoa pembe zake. Nikapiga kelele, "Zinachomoza!" Mama Élisabeth akaja mbio toka jikoni.

"Nini imechoma nani?"

"Hakuna aliyechomwa, Mama. Pembe za konokono zimechomoza."

"Zime nini?"

Hawalijui, Kaka! Neno letu hawalijui hapa. Wanasema kutoka, wanasema kuonekana, basi. Nikajaribu kuwaeleza: jua likianza kuonekana juu ya mlima, linachomoza. Jino la mtoto likipasua ufizi, linachomoza. Françoise akasema, "Uyu muke wetu amesoma mpaka ametengeneza Kiswahili yake mwenyewe." Tangu hapo kila anapoingia mlangoni anasema, "Mimi nimechomoza, munipe kiti."

Nikakumbuka nyumba yetu, na Papa, na asubuhi zile za ukungu. Niandikie, Kaka. Niambie Papa alilieleza vipi neno hili, kwa sababu nataka kuwafundisha vizuri. Na umwulize Mama Adelaïde atakuja lini kunitoa. Mama Élisabeth anasema wakati mzuri ni maharagi yakivunwa, mwezi wa sita.

Mdogo wako mwenye furaha,
Victorine


Ntoto, tarehe 20 mwezi wa tatu, 1969

Mdogo wangu Victorine,

Barua yako ilifika ikiwa na mafuta ya mawese kwenye pembe, maana kamyo ya Constantin, lile lori la samaki, iliifikisha Walikale tu, na kutoka pale ililetwa kwa miguu na wachuuzi wa mafuta. Lakini maneno yote yalisomeka. Tumefurahi nayo. Mvua ni nyingi, mihogo inaoza kwenye bonde, darasa ni lile lile, na paa la shule linavuja juu ya ubao.

Mama Adelaïde wako yuko hapa kitandani ananisikiliza nikiandika. Kikohozi hakijamwacha, na homa imekuja kukisindikiza. Si kitu kikubwa. Nimemsomea barua yako mara nyingi. Kwenye habari ya konokono alicheka mpaka akakohoa, ikabidi nimpe maji. Anasema niandike hivi, neno kwa neno:

"Mwambie ule mutoto: mimi njo nitakuja, si muntu mwingine. Nimemufunga nguo ya shule, nimemufunga nywele, sasa nimutoe mulango. Aache kula sana, nitamuvuta namna gani kama iko munene?"

Ameniamuru nisibadilishe kitu. Sijabadilisha.

Umeniuliza habari ya neno la Papa. Unajua alilipata Kasongo, alipokuwa kijana wa kubeba mizigo ya wafanyabiashara. Kiswahili chake kilikuwa na maneno ya kule ambayo majirani hapa walidhani ni ya kujivuna. Mengi yalimtoka uzee ulipoingia. Hili lilibaki, nadhani kwa sababu ya ukungu. Unakumbuka? Alitutoa nje asubuhi, ukungu umejaa bondeni kama maziwa, akatuambia tukae kimya. Kisha kilele cha kwanza, kisha cha pili. "Vinachomoza," alisema. Wewe ulikuwa mdogo, ukauliza kama milima ilikuwa inalala chini. Akasema hapana, mlima ulikuwepo usiku wote, ni sisi tu hatukuuona.

Hiyo ndiyo maana aliyoishika. Kitu kinachochomoza kinaonyesha ncha tu, na sehemu kubwa bado imefichwa. Mtu akitoka nyumbani, akasimama barabarani mzima mzima, huyo ametoka. Lakini akipita nyuma ya kilima ukaona kwanza kofia yake, kofia imechomoza. Msumari uliopita ubao na kuonyesha ncha upande wa pili umechomoza. Maharagi yakiinua udongo kwa shingo yaliyoikunja, yanachomoza. Maji yaliyomwagika hayachomozi. Mtu aliyefukuzwa hachomozi.

Adelaïde anasema nimesahau maana moja, ile ya kanisani. Anasema wewe unaijua, na kwamba mwalimu hafai kuiandika. Sasa amesinzia.

Atakuja, Victorine. Ameshaweka kando kitambaa cha kuvaa siku hiyo.

Kaka yako,
Séraphin


Ngungu, tarehe 8 mwezi wa nne, 1969

Kaka yangu mpendwa, na Mama Adelaïde wangu,

Leo nawaandikia wote wawili, kwa hiyo Kaka usome kwa sauti. Pasaka ilipita vizuri. Mimi sikwenda misa kwa sababu ya uzio, lakini Marcellin alinirudishia mahubiri yote, akiiga sauti ya padiri, na Mama Élisabeth akamfukuza na mwiko. Tulikula bugali na sombe ya majani ya muhogo na samaki wa Constantin. Goti la Mama Élisabeth limepona, kisha likaharibika tena.

Mama Adelaïde, homa imekwisha? Kunywa ile dawa chungu, usiimwage chini ya kitanda kama ulivyofanya mwaka ule nilipokuwa likizo. Nilikuona! Sikumwambia Kaka. Sasa nimemwambia.

Na ile maana ya kanisani, jamani, nilicheka peke yangu mpaka Françoise akaja kuuliza. Kaka, wewe unaona haya kuiandika, mimi sioni, mimi ni mwanamke wa mtu sasa. Jumapili tukipanga mstari wa kwenda komunyo, Mama Adelaïde alikuwa akininong'oneza nyuma ya kitambaa cha kichwa: "Victorine, imechomoza!" Maana yake gauni la ndani limeonekana chini ya sketi. Nami nilikuwa navuta sketi chini hadi mbele ya padiri. Siku moja alinong'ona kwa nguvu, kanisa kimya, na mke wa katekista akavuta ya kwake.

Nimewafundisha hapa. Sasa neno limeshika! Mama Élisabeth alisimama jana mlangoni akitazama shamba, akasema polepole kama anaonja chumvi, "Maua ya maharagi yamechomoza." Nilitaka kumkumbatia. Françoise analitumia kwa tumbo la jirani, na hapo nadhani Papa angekubali.

Marcellin ananiletea bado vitu vyake. Ameniletea unyoya wa kanga, ameniletea maji ya mvua ndani ya jani la ndizi, yalimwagika yote mlangoni. Ananiuliza mimi nataka nini cha nje. Nikamwambia nataka nje yenyewe. Akasema, "Mama Adelaïde atakuletea." Je, mtu wa namna hii unamfanyaje? Nampenda hadi natamani kumwandikia barua naye yuko chumba cha pili.

Hapa wanawake wameanza kujiandaa. Watanisugua mafuta, watanivisha nguo mpya, na Mama Adelaïde atakapofungua mlango watapiga vigelegele hadi Mubambiro wasikie, wanajeshi kule wadhani ni vita. Mimi nahesabu maua ya maharagi. Niambieni tu mnakuja na kamyo gani, Marcellin atashuka Sake kuwapokea.

Mtoto wenu,
Victorine


Ntoto, tarehe 9 mwezi wa tano, 1969

Victorine,

Habari ya siku nyingi. Nisamehe kwa kukawia. Mvua imebomoa daraja upande wetu, na barua hazipiti.

Mihogo ya bondeni imeoza yote. Paa la shule limetengenezwa. Watoto wa shule wanakusalimu.

Nimesoma habari ya kanisani. Ni kweli alinong'ona kwa nguvu. Nilikuwa upande wa wanaume na nilisikia.

Juu ya mwezi wa sita, naona njia haitakuwa nzuri. Mwambie Mama Élisabeth kwa heshima yangu yote achague mwanamke mwingine mwema, hata wa hapo hapo Ngungu, akutoe. Hakuna atakayekulaumu. Mimi nitakuja kukutazama baadaye, mambo yakitulia.

Kula vizuri. Msalimu Marcellin.

Séraphin


Ngungu, tarehe 18 mwezi wa tano, 1969

Kaka Séraphin,

Sisi wazima. Nasema hivyo kwa sababu barua lazima ianze hivyo, lakini mimi si mzima. Nimeikunja barua yako na kuikunjua mpaka imechanika kwenye mkunjo.

Mwanamke mwingine? Wa hapo hapo Ngungu? Kaka, umesahau kwetu ni wapi? Unajua wanasema nini juu ya bibi harusi aliyetolewa na watu wa mume? Wanasema hana kwao. Wanasema aliokotwa. Kesho nikigombana na mtu kisimani ataniambia, wewe nyamaza, hata wa kukushika mkono hukuwa naye. Mtoto wangu ataambiwa hivyo. Françoise ameanza tayari. Alikuwa anamenya muhogo, akasema bila kuniangalia:

"Sasa huko Walikale hakuna batu? Ao iko msitu tu?"

Nikamwambia, "Kuna watu kuliko hapa."

"Basi bachomoze, tubaone."

Neno letu wenyewe, Kaka, alinitupia usoni. Mama Élisabeth akamkemea, kwa ukali sana, kwa ukali ambao haukulingana na mzaha. Françoise akaweka kisu chini, akaomba msamaha. Françoise! Hajawahi kuniomba msamaha hata aliponimwagia maji ya moto mguuni.

Niambie nimekosa nini. Mama Adelaïde amenikasirikia kwa ile habari ya dawa? Ilikuwa mzaha. Au nilijisifu sana na mume wangu, nikasahau kuuliza yenu? Nakubali, mimi nikifurahi nasema peke yangu kama redio. Lakini yeye amenijua hivyo tangu Mama alipokufa na yeye akanichukua, na nilisema vile vile siku zote, naye akawa anasuka nywele zangu na kuitikia tu. Mbona hakuagiza hata neno moja katika barua hii? Hata tusi? Ningelala vizuri na tusi lake.

Constantin alipita na kamyo wiki hii, akaja kusalimu. Nilimwuliza toka nyuma ya uzio kama daraja la Ntoto limejengwa. Akasema, "Daraja gani, Mama?" Kisha akasema, "Aa, njo ile. Ile iko mbaya sana." Akaangalia viatu vyake. Aliniachia sukari, na hakutaka nishukuru.

Na Marcellin. Sitaki kuandika hili lakini nitaliandika. Siku hizi anarudi mikono mitupu. Anaita jina langu vile vile toka mgombani, lakini akifika anakaa, ananitazama, ananiuliza kama nimekula. Nilimwuliza jana, leo nje hakuna kitu? Akasema leo hakuona kitu cha kuniletea. Nje yote, Kaka, na hakuona kitu.

Njoo wewe basi, kama yeye hawezi. Desturi inataka aliyenilea, na wewe pia ulinilea, ulinifundisha kusoma. Nitamwomba Mama Élisabeth akubali mwanaume. Atakubali, ananipenda. Njoo tu usimame mlangoni. Nijibu upesi. Maua ya maharagi yamekwisha, sasa ni maganda.

Victorine


Ntoto, tarehe 3 mwezi wa sita, 1969

Mdogo wangu,

Hujakosa kitu. Hilo nalisema kwanza, ulishike. Hujamkosea mtu yeyote katika nyumba hii, hata siku moja.

Siwezi kuja. Kwa sasa siwezi kuingia mlango wako. Usiniulize. Nilimwahidi mama mkwe wako siku ya harusi kushika desturi ya nyumba yao, na mimi nilikukabidhi kwao, siwezi kuwa wa kwanza kuivunja.

Shule wanaendelea. Darasa langu analishika mwenzangu mpaka hapo baadaye. Mimi nakaa nyumbani. Nywele zangu zimekuwa ndefu, ungeniona ungenicheka.

Nikikaa hapa mlangoni nakumbuka mambo mengi. Nakumbuka ulipokuja kuishi nasi, ulikuwa husemi. Wewe! Tangu mazishi ya Mama hukusema neno, ukajificha nyuma ya ghala la maharagi. Mimi nilitaka kukutoa kwa nguvu, ule. Adelaïde alinikataza. Alikuwa msichana bado, tumeoana juzi, naye alikuwa kama wewe sasa, alicheka kwa kila kitu. Alikwenda akakaa upande huu wa ghala akiwa na kibakuli cha karanga. Hakukuita. Alikuwa anamenya, anakula, anaimba chini chini. Jua lilikwenda mpaka likafika juu ya paa. Kisha nikaona vidole vyako kwenye kona ya ghala. Vidole tu. Nikataka kusema kitu, akanifanyia ishara ninyamaze. Kisha pua. Aliendelea kumenya bila kugeuka. Alisema tu, kama anajiambia mwenyewe, "Imeanza kuchomoza."

Alikuwa na subira namna hiyo. Asubuhi alikuwa anatia maji ya moto kwenye ndoo yangu na kujifanya ni jua lililoyapasha. Alikuwa hajui kusoma, lakini barua zako alikuwa akizishika mwenyewe baada ya mimi kusoma, akapitisha kidole kwenye jina lako, maana alilijua umbo lake.

Mwache Marcellin. Ni mtu mwema. Usimlaumu kwa mikono mitupu.

Kubali mwanamke mwingine akutoe, nakuomba. Ukitoka tu, nitakuandikia barua ndefu.

Séraphin


Ngungu, tarehe 15 mwezi wa sita, 1969

Kaka yangu,

Hujambo? Umekula? Kuna mtu anayekupikia?

Barua yako nilipewa nikiwa napukuchua maharagi ya kwanza. Nilisoma, nikarudia toka mwanzo. Kila kitu kiko mahali pake, isipokuwa Mama Adelaïde. Yeye yuko kwenye upande wa zamani tu. Alikaa, alimenya, alikuwa anatia maji. Hakuna hata mahali pamoja anapokohoa, anaponituma neno, anaponisalimu. Nikaenda kuchukua barua ya mwezi wa tano nikatazama na hiyo. Hayupo. Kisha nikasoma tena habari ya nywele zako, na ya kukaa nyumbani, na kwamba huwezi kuingia mlango wa bibi harusi. Ulijitahidi kuficha, Kaka, lakini habari ilichomoza yenyewe.

Sikulia palepale. Niliingia jikoni. Mama Élisabeth alikuwa anapuliza moto.

"Mama, Mama Adelaïde amekufa lini?"

Hakugeuka. Alipuliza tena, ijapokuwa moto ulishashika.

"Nani amekuambia?"

"Hakuna."

"Ni nani? Françoise?"

"Hakuna aliyeniambia, Mama. Naomba uniambie wewe."

Ndipo akaketi chini, na goti lake lile, akafunika uso na kitambaa. Akasema ilikuwa wiki ile baada ya Pasaka. Constantin alileta habari toka Walikale na salamu zako, kwamba nisiambiwe. Akasema, "Muntu wa ndani haambiwi kifo, mutoto wangu. Anaambiwa akitoka. Ni vile tulifanyiwa sisi. Mimi mwenyewe nilitoka nikaambiwa baba yangu amezikwa zamani." Nikamwuliza kama alifurahi kuambiwa hivyo. Akasema, "Hakuna aliyeniuliza ile."

Kwa hiyo barua yangu ya Pasaka, ile ya dawa chungu, ile ya mke wa katekista, ilikukuta wewe peke yako. Na nilikuambia uisome kwa sauti. Kaka, je, uliisoma kwa sauti? Usinijibu.

Jioni Marcellin aliita jina langu toka mgombani. Sikuitikia. Alifika, akaniona, akajua. Akasimama mlangoni na jembe lake.

"Ulijua," nikamwambia.

"Nilijua."

"Ukakaa na mimi, ukaniuliza kama nimekula."

"Nilikatazwa, Victorine. Mama alinikataza, na kaka yako alinikataza." Kisha akaonyesha mikono yake. "Ningekuletea nini ile siku? Ua?"

Nilitaka kumkasirikia, na kidogo niliweza. Halafu nikamwona alivyokonda. Mtu wangu mzuri huyu alikuwa amebeba kilio changu mahali pangu tangu Pasaka, na hakujua akiweke wapi. Tulilia pamoja. Bado nampenda, Kaka, nampenda kuliko mwezi wa pili. Wakati ule nilikuwa sijamwona akilia.

Sasa sikiliza. Wazee walikuja kuzungumza na Mama Élisabeth. Walisema basi atafutwe mwanamke, mambo yaendelee, mafuta yako tayari. Nikatuma neno toka chumbani kwamba sitashikwa mkono na mtu mwingine. Aliyekuwa na mkono huo amekufa. Mzee mmoja akasema, bibi harusi hawezi kujitoa, haijaonekana. Mama Élisabeth akamwambia, "Wewe umepata kukaa ndani ya uzio? Basi nyamaza." Akaja akaniuliza nataka nini. Nikamwambia.

Nimetoka leo asubuhi. Sikusuguliwa mafuta. Nguo mpya nimeiacha kwenye kamba, nimevaa ile ya zamani ya kulimia ya Mama Élisabeth na kamba ya mgomba kiunoni, ya kilio. Nilifungua mlango mwenyewe. Wanawake wote walikuwepo uani, walikuwa wamezoea kwamba mlango ule ukifunguka wanapiga vigelegele, na mmoja akaanza, kisha akaona kamba, akakata katikati. Nilisimama pale kizingitini, nikaona nimesahau namna ya kutembea na watu wakiniangalia. Kulikuwa na ukungu juu ya Ngungu, na milima ilikuwa bado haijaonekana hata mmoja.

Ndipo Françoise akatoka kwenye kundi. Nilidhani atasema kitu. Alifungua kitambaa chake cha kichwa akajifunga kiunoni, akaja, akasimama pembeni yangu. Hakunishika mkono. Alisema tu, "Mimi sikutoi. Umeshatoka. Nakusindikiza." Akaanza kulia kwa sauti, kilio cha kweli, kwa ajili ya mtu ambaye hakuwahi kumwona, na wengine wote wakamfuata. Mama Adelaïde wetu ameliliwa na Ngungu nzima leo, Kaka. Nimekuandikia hili ili ujue.

Kwa hiyo mimi si mtu wa ndani tena, na wewe unaweza kuniambia yote. Lakini usiandike. Ninakuja. Marcellin ananileta, tunashuka Sake, Constantin atatubeba mpaka Walikale, hataki hata kusikia habari ya nauli, na kutoka pale tutatembea. Barua hii namtumia dereva wa mbele ili ikutangulie.

Mama Élisabeth ameniambia kwamba mfiwa kama wewe hanyoi, haendi kazini, haingii nyumba ya watu, mpaka watu wa mkewe waje kumwondolea kilio. Nikamwuliza watu wa Mama Adelaïde ni nani, maana ndugu zake walikwisha wakati wa vita, na mtoto hakumzaa. Akanitazama, akasema, "Weye njo mutoto wake. Weye njo batu yake."

Basi mimi ndio watu wake. Nitakunyoa mimi. Nitafagia nyumba, nitakupeleka mtoni uoge, nitakurudisha darasani kwako mbele ya watoto, na mtu akiuliza kwa haki gani, nitamwambia.

Kwa hiyo usinyoe kabla, na usimkubalie jirani. Wala usiingie ndani ukisikia watu wanakuja njiani. Kaa pale pale mlangoni, Kaka, nikuone toka mbali.

Victorine